Namna ya kuyakata majina ya kitabibu: anza na mkia

Kama umeshawahi kushika karatasi ya ultrasaundi au ile unayopewa ukiruhusiwa wodini, ukaigeuza geuza mwisho ukaikunja na kuitia kwenye mkoba bila kuelewa kitu, hii inakuhusu. Na nyie wadogo zangu mlioanza mwaka wa kwanza vyuo vya afya, uuguzi, utabibu, maabara, famasia, inawahusu zaidi, maana mnahangaika kukariri neno moja moja alafu wiki ya pili yote yamepeperuka.

Haya maneno hayakaririwi, yanakatwa. Na kwenye kukata maneno sisi Waswahili tumeanza toka utotoni sema hatujijui tu. Chukua "hawakutupigia". Ni neno moja ila ndani yake kuna wao, kuna ukanushi, kuna wakati uliopita, kuna sisi tuliokuwa tunasubiri simu, na katikati kabisa umekaa mzizi -pig-. Sasa majina ya kitabibu yamejengwa hivyo hivyo, kiambishi awali mbele, mzizi katikati, kiambishi tamati nyuma, yale yale ya mwalimu wa Kiswahili sekondari. Mimi nitaviita mwanzo, mzizi na mkia, ndo rahisi.

Kanuni yenyewe ni hii: soma mkia kwanza, rudi mwanzo, malizia na katikati. Wengi wanaanza kushoto kama wanasoma gazeti, wakifika herufi ya tano wameshakwama. Mkia ndio unakwambia tunaongelea kitu cha aina gani, ni ugonjwa, ni upasuaji, ni kipimo au ni dalili tu. Mwanzo unakwambia kiasi au mahali, nyingi, kidogo, haraka, ndani, kuzunguka. Mzizi mara nyingi ndio kiungo chenyewe.

Tujaribu na pericarditis. Mkia ni -itis, maana yake sehemu imeumuka, imekuwa nyekundu, ina joto na inauma (alama hizi nne aliziandika Mrumi mmoja anaitwa Celsus karne ya kwanza na mpaka leo wanafunzi wanaulizwa kwenye mtihani). Mwanzo ni peri-, kuzunguka. Katikati card, moyo. Kwa hiyo ni -itis ya kile kinachouzunguka moyo, yaani ule mfuko wake. Badilisha mwanzo uweke endo-, ndani, unapata endocarditis, utando wa ndani ya moyo pamoja na vali zake. Weka myo, misuli, unapata myocarditis, nyama yenyewe ya moyo. Umeona hapo, magonjwa matatu tofauti kwa kubadilisha herufi chache za mbele, na hujakariri hata moja.

Mikia ya kisu

Hapa nataka tukae kidogo maana ndipo watu wanaposaini karatasi wasizozielewa. Kuna mikia mitatu inafanana sana: -ectomy, -otomy na -ostomy.

-ectomy ni kukata na kutoa kabisa. Kitu kikiondolewa kwa -ectomy hakirudi. Appendicectomy kidole tumbo kimetolewa, cholecystectomy mfuko wa nyongo umetolewa, nephrectomy figo imetolewa. -otomy ni kupasua tu, unafungua, unafanya kilichokupeleka, unafunga. Laparotomy ni kufungua tumbo. Episiotomy kina mama mnaijua, ndio kule kuongezewa njia wakati wa kujifungua. -ostomy ni kutengeneza tundu au mdomo ambao utabaki wazi, kwa muda au moja kwa moja: tracheostomy ni tundu shingoni la kupumulia, colostomy ni utumbo mpana kutolewa mdomo kwenye ukuta wa tumbo na choo kinatokea hapo kwenye mfuko. Sasa fikiria ndugu yako kaandikiwa nephrostomy nyie nyumbani mnalia figo inatolewa, kumbe anawekewa mrija tu wa kutoa mkojo uliokwama.

Mfano ambao kwangu mimi ndio muhimu kuliko yote kwenye mada hii ni wa mioma. Neno ni myoma, my- misuli, -oma uvimbe, uvimbe wa misuli ya kizazi. Daktari anaweza kuandika myomectomy au anaweza kuandika hysterectomy, zote zina -ectomy, zote zinatibu mioma, na kwa haraka haraka zinaonekana ndugu. Ila kata: myom-ectomy kinachotolewa ni myoma, kizazi kinabaki. Hyster-ectomy kinachotolewa ni hyster, yaani kizazi chenyewe. Kwa dada wa miaka 29 ambaye bado anatafuta mtoto hiyo tofauti ndiyo kila kitu, na karatasi ya ridhaa inaletwa wakati mtu ana maumivu na kalamu tayari anayo mkononi. Soma mzizi kabla ya kusaini, hujauelewa uliza, nesi au daktari yeyote anaweza kukueleza na ni haki yako.

Ukikuta TAH + BSO usibabaike. TAH ni total abdominal hysterectomy, kizazi chote kinatolewa kupitia tumbo. BSO ni bilateral salpingo-oophorectomy. Anza mkia, -ectomy, kinatolewa. Mwanzo bi-, mbili, na lateral ni upande, kwa hiyo pande zote mbili. Katikati mizizi miwili, salping ni mirija ya uzazi na oophor ni ovari. Yaani kizazi, mirija yote na ovari zote. Hiyo maana yake, kwa mwanamke ambaye bado alikuwa anaona siku zake, ukomo wa hedhi unaingia kwa ghafla, joto la usiku na mengine yote, kwa hiyo ni bora ajue kabla.

Mingine miwili ya upasuaji: -plasty ni kutengeneza upya au kurekebisha umbo, -rrhaphy ni kushona. Kuna na -centesis, kutoboa kwa sindano na kuvuta maji.

Mikia ya magonjwa na dalili

-itis tumeshaiona. Ongeza tu kwamba haisemi chanzo. Gastritis inakwambia tumbo, ule mfuko wa chakula, umechubuka na kuvimba ndani, haikwambii kama ni bakteria au ni zile diklofenaki unazomeza kila mgongo ukiuma. Na kuna -itis moja ambayo Kiswahili chetu kimeipoteza njia, meningitis. Tunaiita homa ya uti wa mgongo, watu wanashika kiuno, wakati mening- ni utando unaofunika ubongo na uti wa mgongo vyote viwili. Ndio maana dalili zake kubwa ni kichwa kuuma, shingo kukakamaa na kuchanganyikiwa.

-oma ni uvimbe, lakini tahadhari kubwa hapa. Lipoma ni uvimbe wa mafuta, hauna neno kwa kawaida. Lymphoma na melanoma majina yanasikika ya upole ila ni saratani. Carcinoma ni saratani, sarcoma ni saratani. Alafu kuna -oma ambazo hata sio uvimbe wa kuota: haematoma ni damu iliyovilia, glaucoma ni presha ya jicho, na trachoma ambayo tunaiita trakoma ni ugonjwa wa macho wa kuambukiza, jina limetoka kwenye ukwaru wa ndani ya kope. Kwa hiyo ukiona -oma usikimbilie kulia wala usikimbilie kutulia, angalia kilicho mbele yake.

-aemia ni ndani ya damu, -uria ni ndani ya mkojo. Ukijua hii miwili majibu mengi ya maabara yanafunguka. Glycaemia sukari kwenye damu, glycosuria sukari kwenye mkojo, proteinuria protini kwenye mkojo (mama mjamzito mwenye presha akiwa na hii wanahofia kifafa cha mimba), haematuria damu kwenye mkojo, ndiyo ile ya kichocho. Na mdudu wa kichocho mwenyewe jina lake linakatika, Schistosoma haematobium, schisto iliyopasuka, soma mwili, haemato damu, bium ya kuishi: mwili uliopasuka unaoishi kwenye damu. Na ni kweli dume lake lina mfereji kwenye mwili ambamo jike linakaa. Aliyempa jina aliangalia vizuri kwa kweli.

-penia ni upungufu, -megaly ni kukua kupita kiasi, -algia ni maumivu, -pathy ni ugonjwa kwa ujumla, -plegia ni kupooza, -pnoea ni kupumua, -rrhoea ni kutiririka (diarrhoea, haya). Thrombocytopenia utaiona sana msimu wa dengue, thrombo kuganda, cyt seli, penia pungufu, yaani chembe sahani za kugandisha damu zimeshuka, chini ya 150,000 kwa maikrolita moja. Hepatosplenomegaly, hepat ini, splen bandama, megaly limekua: ini na bandama vyote vimekua. Ila hiyo si ugonjwa, ni kitu daktari alichokikuta kwa kugusa tumbo au kwa picha, sababu inaweza kuwa malaria, kichocho, selimundu au kitu kingine.

Kuna mikia miwili ya damu ambayo ni lazima uitofautishe kabisa. Mgonjwa analetwa, kitambaa mdomoni kina damu. Haemoptysis au haematemesis? Ptysis ni kutema, emesis ni kutapika. Akiwa amekohoa, damu inakuja nyekundu na mapovu mapovu, ni haemoptysis, akili inaenda mapafuni, TB ikiwemo. Akiwa ametapika, mara nyingi nyeusi nyeusi imechanganyika na chakula, ni haematemesis, unafikiria vidonda vya tumbo au mishipa ya koo la chakula iliyopasuka. Ukiandika moja badala ya nyingine kwenye faili umempeleka mgonjwa chumba kingine kabisa.

Mianzo: jihadhari na mapacha

Mianzo ni michache na inarudia rudia. Tachy- haraka, brady- polepole: tachycardia kwa mtu mzima aliyepumzika ni mapigo zaidi ya 100 kwa dakika, bradycardia chini ya 60. Poly- nyingi, oligo- kidogo: polyhydramnios maji ya chupa yamezidi, oligohydramnios yamepungua, hili utaliona kwenye ultrasaundi ya mjamzito na pembeni yake AFI (kipimo cha wingi wa maji ya chupa), ikiwa 5 sentimita kushuka chini ndio wanasema oligo. A- au an- ni bila. Anaemia kwa maana ya neno ni "bila damu", ni kutia chumvi maana angekuwa hana angekuwa marehemu, kiutendaji kwa mjamzito ni hemoglobini chini ya 11. Dys- ni vibaya au kwa shida, dysuria kukojoa kwa maumivu.

Mapacha sasa. Hyper- ni juu, hypo- ni chini, herufi mbili tu zinatofautisha na kwenye simu ya wodi yenye kelele hazisikiki. Hypoglycaemia ni sukari imeshuka, chini ya 3.9 kwenye zile mashine za kupima sukari zinazosoma kwa mmol, mgonjwa anatetemeka na jasho, anatakiwa apewe sukari sasa hivi. Hyperglycaemia imepanda, huyo ukimwongeza sukari umemzidishia. Wengi wetu tunasema tu "sukari imeshuka" na "sukari imepanda" na kusema kweli kwenye kukabidhiana zamu ndivyo inavyopaswa, Kiswahili hapo ni salama zaidi.

Ante- ni kabla, anti- ni dhidi. Antenatal ni kabla ya kuzaa, antibiotic ni dhidi ya bakteria. Inter- kati ya, intra- ndani ya. Dysphagia ni shida ya kumeza, dysphasia ni shida ya kuongea. Colonoscopy wanaingiza kamera utumbo mpana, colposcopy wanaangalia shingo ya kizazi kwa lensi, ukienda na maandalizi ya moja kwenye nyingine utakuwa umeharisha bure. Na myel- sio my-: my ni misuli, myel ni uboho, ule wa mgongo au wa ndani ya mfupa. Kwa hiyo myeloma sio mioma kabisa, ni saratani ya uboho.

Kwa nini kiungo kimoja majina mawili

Figo kuna mahali nephr, mahali ren. Mapafu pneum na pulmon. Ngozi derm na cut. Titi mast na mamm, mastitis lakini mammogram. Sababu ni historia tu, matabibu wa kale Hippocrates na Galen waliandika Kigiriki, alafu vyuo vya Ulaya kwa karne nyingi vikafundisha kwa Kilatini, hata kile kitabu maarufu cha Vesalius cha maumbile ya mwili cha mwaka 1543 ni Kilatini. Kwa uzoefu wa haraka, magonjwa na upasuaji vinapenda Kigiriki, majina ya viungo na mishipa yanapenda Kilatini: renal artery, lakini nephritis. Sio sheria ya kufa nayo.

Na spelingi. Vitabu vyetu vingi vinafuata Uingereza, haem-, oedema, oesophagus, paediatric. Wamarekani wanapunguza, hem-, edema, esophagus, pediatric. Kwa hiyo ukitafuta kwenye simu ukakosa, toa hiyo a au o ujaribu tena. Kusoma kwa sauti nako kuna ujanja: ph ni f, ch mara nyingi ni k, p ya mwanzo kabla ya n au s haisikiki. Pneumonia ni nimonia, tulishaimaliza sisi. Cholecystitis sema kolesistaitis.

Ile o unayoiona katikati, gastr-o-scopy, ni gundi tu, haina maana yoyote. Inawekwa ulimi usikwame, mkia ukianza na irabu inaondoka, ndio maana ni gastritis na sio gastroitis. Ukikutana na neno refu kama treni, tafuta hizo o kwanza, hapo ndipo pa kukata. Oesophago / gastro / duodeno / scopy: kuangalia kwa kamera koo la chakula, tumbo na mwanzo wa utumbo mwembamba. Kumbe ni ile ile "OGD" ya kumezeshwa mpira.

Yasiyokatika

Usikate kila kitu. Malaria ni Kiitaliano, hewa mbaya, ilipewa jina kabla daktari Mfaransa Laveran hajaona vimelea vyenyewe mwaka 1880 kule Algeria. Kwashiorkor ni Kiga cha Ghana. Chikungunya nimeona mtu anahangaika kuitafutia Kigiriki, ndugu yangu hiyo ni Kimakonde, ya kwetu Kusini kabisa, kutoka kwenye mlipuko wa 1952 hadi 1953, inaeleza mtu anavyojikunja kwa maumivu ya viungo. O'nyong-nyong ni Kiacholi. Na zingine ni majina ya watu, Burkitt lymphoma ni daktari Denis Burkitt aliyekuwa hospitali ya Mulago, Uganda.

Dawa nazo zina mikia

Hii ni nyongeza ila inaokoa. Kama una aleji ya penisilini, angalia mkia -cillin: ampicillin, amoxicillin, cloxacillin, zote ni ukoo mmoja, mwambie mfamasia kabla hajafungua kopo. Dawa za presha: -dipine (amlodipine, nifedipine), -pril (captopril, enalapril), -sartan (losartan), -olol (atenolol). Ila mkia wa dawa usome mrefu, usiishie -zole, maana omeprazole ya asidi, fluconazole ya fangasi, metronidazole ya amiba na bakteria, na albendazole ya minyoo zote zinaishia hapo na hazihusiani kabisa kikazi.

Namna ya kujifunza sasa. Usianze na A ya kamusi. Anza na mikia ya hapo juu, iandike nyuma ya daftari. Mizizi ijifunze kwenye mwili wako mwenyewe ukishuka: cephal kichwa, ot sikio, rhin pua, stomat mdomo, thorac kifua, hepat ini, nephr figo, cyst kibofu, arthr kiungo, oste mfupa. Alafu kila neno jipya ukilikuta kwenye faili au karatasi usiandike tafsiri ya neno moja, andika sentensi nzima ya Kiswahili ambayo bibi yako angeielewa.

Jaribu haya kabla hujashuka chini: rhinorrhoea, arthralgia, tachypnoea, hydrocephalus, osteomyelitis.

Rhinorrhoea ni pua kutiririka, yaani mafua, jina kubwa kazi ndogo. Arthralgia maumivu ya viungo. Tachypnoea kupumua haraka haraka, kwa mtoto wa chini ya miezi miwili ni kuanzia mara 60 kwa dakika, wa miezi miwili mpaka mwaka kuanzia 50, wa mwaka mmoja mpaka mitano kuanzia 40, na akiwa anakohoa hapo unawaza nimonia. Hydrocephalus maji kichwani, ile tunayoita kichwa kikubwa. Osteomyelitis wengi wanasema ni mfupa na misuli, rudi kule kwa mapacha: oste mfupa, myel uboho, -itis, kwa hiyo ni mfupa pamoja na uboho wake, na ndio maana matibabu yake ni wiki nyingi za antibayotiki na sio vidonge vya siku tano.